Kabla ya Kupiga MRI ya Goti, Jua Unauliza Nini

Wanaotupigia simu kuhusu goti huanza karibu kwa maneno yaleyale: "Nimeumia goti, nataka MRI." Karibu sana, kazi yetu ndiyo hiyo. Ila kabla hatujakupangia siku, dada wa mapokezi atakuuliza mambo ambayo wengine huona yanawachelewesha. Uliumiaje? Goti lilivimba saa ileile au kesho yake? Linakwama? Linakuachia ghafla ukigeuka? Kuna daktari aliyelishika akalipima kwa mikono yake? Tunauliza kwa sababu MRI ya goti hujibu vizuri mno inapopewa swali linaloeleweka. Ikipigwa bila swali, majibu itatoa tu, tena mengi, na baadhi yake yatakutia hofu ya bure.

Tumeandika makala hii kwa ajili ya mtu aliyeambiwa na daktari akapige MRI ya goti, na pia kwa yule anayetaka kujipeleka mwenyewe. Huyo wa pili tunamwomba asome mpaka mwisho ndipo aweke miadi, maana huenda asituhitaji kabisa, au asituhitaji leo.

Eksirei iko safi, mbona goti bado linauma?

Hili tunaulizwa kuliko yote. Eksirei huonyesha mfupa, na goti si mifupa peke yake. Mfupa wa paja unakaa juu ya mfupa wa muundi, na mbele yake kuna pia ya goti. Mahali mifupa hiyo inapokutana pamefunikwa na gegedu, tabaka jeupe, gumu na lenye kuteleza, ambalo unene wake kwa kawaida ni milimita 2 hadi 4 hivi, na nyuma ya pia huweza kuzidi hapo. Kati ya paja na muundi kuna meniskasi mbili, moja upande wa ndani na nyingine upande wa nje, zenye umbo la mwezi mchanga. Hizo ndizo zinazosambaza uzito wa mwili ili usielemee sehemu moja ya gegedu. Kisha kuna ligamenti nne kubwa zinazofunga mfupa na mfupa: mbili zinapishana katikati ya goti, moja ya mbele na moja ya nyuma, na mbili ziko pembeni, ndani na nje. Wapenzi wa kandanda wanaijua ile ya mbele kwa jina la ACL, nasi tutaiita hivyohivyo.

Gegedu, meniskasi na ligamenti, zote hizo mionzi ya eksirei huzipita bila kuacha kivuli cha maana. Kwa hiyo ukiambiwa eksirei iko safi, umeambiwa kwamba hakuna mfupa uliovunjika unaoonekana na kwamba nafasi kati ya mifupa haijapungua sana. Kuhusu ACL hujaambiwa lolote.

MRI haitumii mionzi ya namna hiyo. Inatumia sumaku na mawimbi ya redio. Mwili wetu una maji na mafuta mengi, na vyote viwili vina haidrojeni. Sumaku huzielekeza chembe za haidrojeni upande mmoja, mawimbi ya redio yanazisukuma kidogo, na zinaporudi katika hali yake hutoa ishara ambazo kompyuta huzigeuza kuwa picha. Haidrojeni iliyo katika maji yaliyojaa gotini hurudi kwa mwendo tofauti na ile iliyo katika mafuta ya uboho, na tofauti hiyo ndiyo inayotuchorea goti. Ligamenti nzima huonekana nyeusi kwa kuwa nyuzi zake zimekazana. Ikichanika, maji na damu hupenya kati ya nyuzi, na weupe hujitokeza mahali palipotakiwa kuwa peusi. Daktari wa radiolojia anayesoma picha ya goti, sehemu kubwa ya kazi yake ni kutafuta weupe usiokaa mahali pake na kuamua unatokana na nini.

ACL: hadithi, mikono, kisha picha

Tuanze na jeraha ambalo MRI inalimudu vizuri. Mchezaji anakimbia, anasimama ghafla ili abadili mwelekeo. Mguu umeng'ang'ania chini lakini kiwiliwili kinageuka. Mara nyingi hakuna hata aliyemgusa. Anasikia kitu kimekatika ndani ya goti, anaanguka, na akijaribu kuinuka anahisi goti halimshiki. Saa chache baadaye goti limejaa. Kujaa kwa haraka namna hiyo mara nyingi ni damu, na daktari mzoefu akisikia hadithi hiyo anaishuku ACL kabla hajagusa goti. Wasichana na wanawake wanaocheza michezo ya kuruka na kugeuka huumia ACL kwa kiwango kikubwa kuliko wanaume wanaocheza mchezo uleule. Tunalisema hili kwa msisitizo kwa sababu binti akianguka mazoezini ni rahisi kuambiwa ameteguka tu, akafungwa bandeji na kurudishwa uwanjani.

Baada ya hadithi, mikono. Daktari anakulaza chali, anakunja goti lako kidogo, nyuzi 20 hadi 30. Mkono mmoja unashika paja, wa pili unashika muundi chini kidogo ya goti, halafu anauvuta muundi kuja mbele. ACL nzima hukaza na kuusimamisha muundi ghafla. Daktari anakihisi kikomo hicho viganjani. Ikiwa imekatika, muundi husogea zaidi kuliko wa mguu mzima, na hakuna mahali unapogota. Kipimo hicho kinaitwa Lachman, hakihitaji mashine yoyote, na kikifanywa na mtu anayekijua kinaaminika sana. Tatizo lake ni siku za mwanzo. Goti limevimba, linauma, misuli imejikaza yenyewe kulilinda, na daktari havuti kitu kikaeleweka. Ndiyo maana anaweza kukuambia urudi baada ya wiki moja au mbili akupime tena. Hajakupuuza, anasubiri goti litulie lisomeke.

Kisha ndiyo picha. Goti tunalipiga kutoka pande tatu, katika vipande vyenye unene wa milimita 3 hivi. Kwenye vipande vya ubavuni, ACL nzima ni mshipi mweusi ulionyooka, unaoshuka kwa mshazari kutoka nyuma ya mfupa wa paja kuja mbele ya muundi. Iliyokatika utaikuta imegeuka ukungu mweupe, au mshipi umelala badala ya kusimama kwa mshazari wake. Lakini kuna alama nyingine ambayo macho yetu huitafuta mapema mno. ACL inapokatika, goti huchomoka kwa nukta moja na kurudi, na katika kuchomoka huko mfupa wa paja upande wa nje huugonga muundi kwa nyuma. Mgongano huo huacha mivilio miwili ndani ya uboho, mmoja katika mfupa wa juu na mwingine katika mfupa wa chini. Eksirei haiioni. Kwenye picha za MRI ambazo ishara ya mafuta imezimwa, mivilio hiyo inang'aa. Ukiikuta yote miwili katika nafasi hizo, unajua goti lilikwenda wapi na lilirudije, hata kama mwenye goti hakumbuki alivyoanguka. Mng'aro huo huweza kudumu kwa miezi, hivyo usishtuke picha ya baadaye ikiutaja tena.

Eksirei nayo mara mojamoja hutoboa siri. Kipande kidogo cha mfupa kikibanduka ukingoni mwa muundi upande wa nje, uwezekano wa ACL kukatika ni mkubwa sana. Alama hiyo ina jina la Paul Segond, daktari wa upasuaji wa Ufaransa aliyeieleza mwaka 1879, eksirei yenyewe ikiwa bado haijagunduliwa.

Je, picha inakosea? Ndiyo, ingawa kwa ACL ni mara chache. Uchambuzi uliojumlisha tafiti nyingi, uliochapishwa mwaka 2003, ulikuta MRI inazitambua ACL zilizochanika kwa takriban asilimia 94, na zilizo nzima inazitambua kwa kiwango hichohicho. Panapokuwa pagumu ni pale ligamenti ilipochanika nusu. Hapo ripoti hutumia maneno ya tahadhari, na mkono wa daktari una haki ya kuamua kuliko picha.

Halafu jambo ambalo wengi hawalitarajii kusikia kutoka kwetu: picha ya ACL iliyokatika si hukumu ya upasuaji. Mwaka 2010 ulichapishwa utafiti kutoka Sweden uliohusisha vijana 121 wenye ACL zilizokatika. Kundi moja lilifanyiwa upasuaji mapema, jingine lilianza na fiziotherapia na kuachiwa nafasi ya kufanyiwa upasuaji baadaye likihitaji. Baada ya miaka 2, hali ya magoti kwa maelezo ya wenyewe haikutofautiana, na zaidi ya nusu ya kundi la pili walikuwa hawajahitaji kisu. Kinachoamua ni kama goti linakuachia, unafanya kazi gani, unacheza mchezo gani, na meniskasi zako ziko katika hali gani. Hili la mwisho picha inalijibu vizuri, na ni moja ya sababu kubwa za daktari kuiagiza hata pale ambapo hana shaka tena kuhusu ACL.

Ligamenti nyingine tatu tuzipitie haraka. Ya pembeni upande wa ndani huumia goti likipigwa kutoka nje likaingia ndani. Ikiwa peke yake, mara nyingi hupona kwa kifaa cha kushikilia goti na mazoezi, na huenda usihitaji MRI kabisa. Ya nyuma huumia muundi ukigongwa kutoka mbele goti likiwa limekunjwa, kama inavyotokea kwa abiria wa kiti cha mbele cha gari goti linapogonga dashibodi. Ya upande wa nje haiumii mara nyingi, lakini ikiumia huwa na wenzake, pamoja na mshipa wa fahamu unaopita jirani, na hiyo si ya kungoja.

Meniskasi, na suala la umri

Hapa ndipo picha inapowasumbua watu wengi zaidi, kwa hiyo tutakaa kidogo.

Kwa kijana, meniskasi huchanika kwa nguvu: amechuchumaa au amebeba mzigo, akageuka mguu ukiwa umekanyaga. Uvimbe huja polepole, mara nyingi kesho yake. Maumivu yako kwenye mstari wa kiungo, mahali unapoweza kuonyesha kwa kidole kimoja. Akikuambia goti limekwama, haliwezi kunyooka hadi mwisho hata akilazimisha, inawezekana kipande cha meniskasi kimepinduka na kukaa katikati ya kiungo. Kwa mtu huyo MRI inahitajika upesi. Ukingo wa nje wa meniskasi una mishipa ya damu, hivyo mchaniko wa hapo unaweza kushonwa ukashika; sehemu ya ndani haina damu, na uwezo wake wa kupona ni mdogo. Picha inamwambia daktari mchaniko uko ukingo gani, una urefu gani na kipande kiko wapi, ndipo ajue anakwenda kushona au kukata. Meniskasi iliyookolewa kwa kijana ni faida ya miaka mingi, kwa sababu bila hiyo gegedu hubaki na mzigo peke yake.

Kwa mtu wa miaka 50 na kuendelea mambo hubadilika. Katika mji wa Framingham nchini Marekani, watafiti waliwapiga MRI ya goti watu 991 wenye umri wa miaka 50 hadi 90, waliochaguliwa bila kujali kama goti linawauma au la. Matokeo yalichapishwa mwaka 2008. Asilimia 35 walikuwa na meniskasi iliyochanika au kuharibika. Miongoni mwa waliokuwa na mchaniko, asilimia 61 hawakuwa wamepata maumivu wala kukakamaa kwa goti katika mwezi uliotangulia. Yaani walikuwa wakitembea na meniskasi iliyochanika bila kujua, na wasingejua kama wasingepigwa picha.

Sasa chukua mama wa miaka 58 ambaye goti limemuuma wiki tatu. Hakuanguka, halikwami. Anapiga MRI kwa hiari yake, ripoti inasema meniskasi ya ndani imechanika. Yeye na familia yake wanachosikia ni kwamba goti limekatika ndani, na wanaanza kutafuta pesa za upasuaji. Mchaniko upo kweli. Lakini kama ndio unaomuuma, picha haiwezi kusema. Nchini Finland wagonjwa 146 wenye michaniko ya aina hiyo, ya kuchakaa, wasio na osteoathritisi (ugonjwa wa kuchakaa kwa kiungo) ya goti, waligawanywa: nusu walikatwa sehemu iliyochanika kwa njia ya tundu dogo, nusu waliingizwa chumba cha upasuaji, wakatobolewa na kuchunguzwa, pasipo kukatwa chochote. Baada ya miezi 12 makundi yote mawili yalikuwa yamepata nafuu na hayakutofautiana katika maumivu. Utafiti huo ulichapishwa mwaka 2013. Kwa hiyo kwa mama huyo tungependa aanze na daktari na fiziotherapia, kuimarisha misuli ya paja kwa wiki kadhaa, ndipo picha ije kama hali imegoma kubadilika au imebadilika kwa ubaya.

Kuna mstari mmoja wa ripoti tunaoulizwa mara nyingi: "mng'aro wa gredi ya 2 katika pembe ya nyuma ya meniskasi ya ndani." Watu huusoma kama mchaniko wa kiwango cha kati. Sivyo. Gredi ya 1 na ya 2 ni weupe uliofungiwa ndani ya meniskasi, hauifikii ngozi yake ya juu wala ya chini. Kwa mtu mzima mara nyingi ni uchakavu wa kawaida, na kwa mtoto huweza kuwa ni damu inayoilisha meniskasi inayokua. Mchaniko tunautaja pale weupe unapofika kwenye ukingo, na tunajiamini zaidi tukiuona hivyo katika vipande viwili au zaidi. Kama ripoti yako inasema gredi ya 2, meniskasi yako haijachanika.

Gegedu: hapa picha ina mipaka

Gegedu haina mishipa ya fahamu wala ya damu. Haiumi yenyewe, na ikijeruhiwa haijitengenezi vizuri. Ndiyo maana mtu huweza kupoteza sehemu yake bila kujua, kisha maumivu yaanze pale mfupa wa chini yake unapoanza kuelemewa au utando wa kiungo unapovimba.

Ripoti nyingi hupima uharibifu wa gegedu kwa ngazi nne, mfumo ambao mizizi yake ni ngazi alizozitangaza daktari wa upasuaji Outerbridge mwaka 1961. Ya kwanza gegedu imelainika au kuvimba, ya nne imekwisha na mfupa uko wazi. Ngazi ya nne MRI inaiona vizuri, na uboho chini yake mara nyingi huwa unang'aa kwa kulalamika. Ngazi za mwanzo ni kazi nyingine. Kumbuka tabaka lenyewe ni milimita chache, na vipande vyetu vina unene unaokaribiana nalo. Ufa mwembamba unaweza kujificha kati ya kipande na kipande, hasa mahali mfupa unapopinda. Daktari wa upasuaji akiingiza kamera akakuta mkwaruzo ambao ripoti haikuutaja, hilo hutokea hata kwa msomaji makini na mashine nzuri. Mashine ya Tesla 3 (Tesla ni kipimo cha nguvu ya sumaku) husaidia kuliko ya Tesla 1.5 kwa gegedu, kwa ligamenti tofauti ni ndogo. Usikatae miadi ya karibu kwa sababu tu mashine ni ya 1.5.

Kama tatizo lako ni osteoathritisi ya goti ya muda mrefu, mtu mzima, goti linakakamaa asubuhi na kuuma ukipanda ngazi, eksirei iliyopigwa ukiwa umesimama kwa kawaida inatosha. Kusimama ni muhimu: uzito wa mwili unabana kiungo, na nafasi iliyobaki kati ya mifupa inaonekana ilivyo. Kwenye MRI umelala, goti limepumzika. Wapo wanaokuja kwetu na ripoti ndefu ya MRI iliyojaa maneno ya kutisha, ambao eksirei ya kusimama ingewajibu siku ileile.

Usianzie kwetu kama...

Umeumia leo na huwezi kukanyaga hatua nne, au huwezi kukunja goti hadi nyuzi 90, au ukibonyeza pia ya goti au kichwa cha kile kifupa chembamba cha pembeni mwa muundi panauma sana, au una miaka 55 na zaidi: anza na eksirei. Vigezo hivyo vilitungwa na madaktari wa Kanada miaka ya 1990 na vinatumika katika vyumba vya dharura nchi nyingi.

Goti limevimba, lina joto, na una homa: nenda hospitali sasa hivi. Maambukizi ndani ya kiungo huweza kula gegedu kwa siku chache, na kinachotakiwa ni kuvuta maji ya goti kwa sindano na kuyapima. MRI haiwezi kuchukua nafasi ya sindano hiyo.

Goti lilitoka kabisa likarudi, na sasa unyayo ni wa baridi, umepauka au umekufa ganzi: hiyo ni dharura ya mshipa wa damu unaopita nyuma ya goti. Kila saa ina uzito. Usipoteze hata moja kutupigia simu.

Siku ya kipimo

Kwa goti huna haja ya kufunga kula, na kwa kawaida hatuchomi dawa ya rangi mshipani. Tunakuingiza miguu kwanza, kichwa mara nyingi hubaki nje au karibu na mlango wa mashine, kwa hiyo hata wenye hofu ya kubanwa wengi huvumilia vizuri. Tuambie mapema kama una hofu hiyo. Tukijua tunakupa muda. Goti linawekwa ndani ya kifaa maalumu kinacholizunguka, linabanwa kwa mito midogo, na unatakiwa utulie kwa dakika 20 hadi 45. Ukisogeza mguu kidogo tu, mistari ya ACL inafifia na tunarudia. Mashine inagonga na kunguruma kwa sauti kubwa, hivyo utapewa vizibo vya masikio.

Usalama ndio tunaoushikilia kuliko kitu chochote. Sumaku ya Tesla 1.5 ina nguvu zaidi ya mara 20,000 ya sumaku ya dunia, na haizimwi usiku wala sikukuu, maana nyaya zake zimezamishwa katika heliamu ya kimiminika yenye baridi ya karibu nyuzi 269 chini ya sifuri. Fomu tunayokupa si ya kutia saini tu. Tuambie kama una betri ya moyo, kipandikizi cha kusikia, klipu kwenye mshipa wa ubongo, pampu ya insulini, au kifaa chochote kilichopandikizwa. Baadhi ya betri za moyo za sasa zinaruhusiwa kwa masharti, lakini ni lazima tuione kadi yake na kuwasiliana na daktari wako wa moyo. Waliowahi kuchomelea au kusaga chuma watuambie hata kama ni miaka mingi iliyopita: chembe ndogo ya chuma iliyobaki jichoni inaweza kusogezwa na sumaku na kuharibu jicho, na tutaomba eksirei ya macho kwanza. Bandiko la dawa mwilini litolewe, kwani mengine yana tabaka la metali linaloweza kupata moto na kuunguza ngozi. Mjamzito atuambie pia, ili tuamue pamoja na daktari wake kama picha inaweza kungoja.

Skrubu za upasuaji wa zamani wa goti kwa kawaida hazizuii kipimo. Huweka giza jirani yake kwenye picha, na tukijua zipo tunapanga mashine kulipunguza. Kama meniskasi yako iliwahi kushonwa, tuambie bila kukosa, kwa sababu kovu la mshono huweza kung'aa kwa miaka likafanana na mchaniko mpya. Katika hali hiyo daktari huweza kutaka dawa ya rangi ichomwe ndani ya goti lenyewe.

Ripoti na CD yako

Njoo na barua ya daktari, na mwombe aandike swali, si "MRI ya goti" peke yake. "Aligeuka uwanjani wiki mbili zilizopita, goti lilijaa palepale, Lachman ina shaka, naomba hali ya ACL na meniskasi" ni mistari miwili, na msomaji wa picha akiipata anajua pa kutazama mara mbili. Kama huna barua, tutakaa nawe tuandike hadithi yako, lakini bado tutakushauri upimwe na daktari kabla.

Beba picha zozote za zamani za goti hilo, hata eksirei ya miaka iliyopita. Mchaniko uliokuwepo kabla hujaumia una maana tofauti kabisa na uliojitokeza baada yake, na bila picha ya kulinganisha hakuna anayeweza kutofautisha kwa uhakika.

Ripoti utapewa pamoja na CD. Peleka vyote viwili kwa daktari aliyekutuma, kwani madaktari wengi wa mifupa hupenda kuziangalia picha wenyewe huku wakilishika goti. Ukipata neno usilolielewa kabla hujamwona, tupigie. Daktari wetu wa radiolojia atakueleza linamaanisha nini kwenye picha. Hatakuambia kama ufanyiwe upasuaji, kwa sababu hajalipima goti lako.

Na ukiambiwa urudie MRI, uliza kwa nini. Umeumia upya, dalili zimebadilika, au daktari anapanga upasuaji na picha iliyopo ni ya zamani: hizo ni sababu nzuri. Kutaka kuona tu kama meniskasi imepona, wakati goti haliumi tena na unatembea vizuri, hakuhitaji picha.